Ukuta Wenye Siku Zake

Mimi ni mchoraji wa mabango hapa Mpanda, na ukipita mjini huwezi kunikwepa. Yule mwanamke wa saluni mwenye nywele zinazofika kiunoni ni wangu. Chui aliye nyuma ya bajaji ya jirani yangu ni wangu pia, ingawa jirani anasisitiza kwamba nimemchorea paka. Na ng'ombe wa kwenye bucha la mtaa wetu wa Nsemulwa, anayetabasamu huku paja lake limekwisha kukatwa, ni wangu, na kwa huyo ndipo mambo yalipoanzia.

Nilipomchora, mwenye bucha alisimama nyuma yangu asubuhi nzima.

“Ongeza damu, fundi,” alisema. “Mteja akiona pakavu anajua nyama ni ya jana.”

Nikaongeza. Akaniambia bado. Nikaongeza tena, mpaka ikachuruzika ukutani hadi usawa wa magoti ya wapita njia, ndipo akavuka barabara, akajishika kiuno, akatazama na kuridhika. Kopo la rangi nyekundu lilibaki nusu nikaenda nalo nyumbani. Nayasema haya mapema kwa sababu mtu huyu ndiye pia mwenyekiti wa kamati ya shule ya msingi iliyo karibu na kwangu, na miezi michache baadaye tulikuja kugombana kuhusu rangi ya kopo lilelile.

Naishi na binti wa dada yangu. Dada yuko kijijini Kasansa, analima mpunga, na alinikabidhi mtoto akiwa darasa la nne. Mwaka huo alikuwa la saba. Siku moja mwezi wa pili alirudi saa nne asubuhi, sweta amelifunga kiunoni na jua linawaka. Sikuhitaji kuuliza. Alikuwa ameitwa ubaoni kufanya hesabu, akaipata, akapigiwa makofi, na alipogeukia ubao kufuta chaki darasa zima likaiona sketi yake. Wavulana walicheka. Hilo alilitegemea. Kilichomuuma ni kwamba aliporudi kwenye dawati, rafiki yake anayekaa naye alisogea pembeni.

“Sirudi,” aliniambia.

“Kesho?”

“Sirudi, mama mdogo. Hata keshokutwa.”

Mtoto huyu ana kichwa kigumu, na amekitoa kwetu. Nilimbembeleza, nikamtisha, nikamnunulia pedi za kumtosha mpaka mitihani. Akasema asante, akaendelea kuosha vyombo. Wiki ya pili habari zikamfikia dada, maana Kasansa na Mpanda zinapelekeana habari hata barabara ikikatika. Akanipigia simu.

“Kama hasomi asikae mjini bure,” alisema. “Kazi ya mpunga inakaribia. Barabara ikipitika nakuja kumchukua.”

Wakati huo mvua zilikuwa zimeiharibu barabara huko mbele ya hifadhi ya wanyama, na magari yalilala njiani. Wasafiri walikuwa wakilalamika stendi nzima. Mimi nililala nikiomba mvua izidi, Mungu anisamehe, kwa sababu nilijua mtoto akienda kwenye mpunga hatakuja kurudi kwenye dawati. Nilikuwa nimeona mtu akiachia shule hapohapo darasa la saba, kwa jambo hilohilo. Alikuwa dada mwenyewe, na aliyemwachisha ni mimi.

Kwa bibi yetu, mwanamke aliyekuwa kwenye siku zake alifanya kazi zote. Alilima, alichota maji, alisonga ugali, alipika mboga. Ila chumvi hakuigusa. Aliita mtu mwingine aje kuitia, na kwa kawaida aliitwa mtoto ambaye hajavunja ungo. Sababu haikutajwa. Mpishi alisema tu, “Njoo unionjee mboga,” na mtoto akajua kopo la chumvi liko wapi. Mtoto huyo nilikuwa mimi. Nilikuwa na miaka minane na niliipenda kazi ile kuliko Krismasi, maana mkono wangu ndio uliokuwa na neno la mwisho katika chakula cha watu kumi na tano.

Basi siku moja ya mavuno watu walikuja kutusaidia, wakiwemo wavulana wawili wanaosoma na dada. Yeye alipika maharage, akaniita nionje. Nikatia chumvi, nikasahau kama nimetia, nikatia tena. Mgeni mmoja alipoweka tonge mdomoni alikunja uso, akauliza ni nani aliyeharibu mboga. Mtoto mwingine angejificha. Mimi nilisimama katikati ya watu nikajibu kwa sauti kubwa, kwa fahari:

“Chumvi nimeweka mimi! Dada leo haruhusiwi!”

Kikalipuka kicheko. Dada aliweka bakuli chini akaingia ndani. Shuleni wakaanza kumwita Chumvi. Alivumilia siku mbili. Siku ya tatu alichukua daftari zake akaenda nazo shambani, akakaa huko mpaka wenzake waliporudi, na hakuingia darasani tena. Baada ya mavuno mawili akaolewa. Hajawahi kunilaumu hata kwa neno moja, na hilo limenitesa kuliko fimbo. Nami sijawahi kumwomba msamaha. Nina mdomo wa kusema mambo ya nusu ya mji huu, ila hilo lilinishinda kwa miaka yote.

Sasa, wiki hiyohiyo dada aliyopiga simu, mwalimu mkuu wa shule ile alinifuata kwenye kibanda changu. Ni mama mwenye sauti ya chini na macho ya kucheka. Wazazi walikuwa wamechanga wakajenga chumba cha wasichana kujistiri, kando ya vyoo, na ukuta wake wa nje ulikuwa mtupu.

“Tunataka picha, wajue chumba ni chao,” alisema. “Mwenyekiti amependekeza maua.”

“Maua gani?”

“Maua tu. Waridi.”

“Kwani wanaingia humo kunusa, mwalimu?”

Aligeuza uso akakohoa. Kikohozi hakikuwepo. Alipoondoka aliniambia nichore kitu cha wasichana, na kuhusu maua hakurudia.

Nilichora Jumamosi na Jumapili, shule ikiwa tupu. Nilichora mafiga na sufuria, na watu wameuzunguka moto wakiwa na sahani: mzee mwenye fimbo, mama mwenye mtoto mgongoni, wavulana wawili wenye sare. Katikati nikamweka msichana wa shule ameinama kidogo, ametupa mgongo, ila uso ameugeuza anatutazama juu ya bega. Mkono wake wa kulia uko juu ya sufuria na chumvi inadondoka vidoleni. Uso nilimpa wa dada, pamoja na mwanya wake. Nyuma ya sketi nikaweka doa lenye ukubwa wa kiganja. Kopo la bucha lilikuwa hapohapo, na rangi ile ilikuwa imekwisha kuthibitishwa na mwenyekiti kwamba inafanana na kitu chenyewe.

Jumatatu saa tatu niliitwa. Kamati ilikuwa imesimama mbele ya ukuta, mwenyekiti mbele yao.

“Fundi, hii ni nini?”

“Msichana anapika, mwenyekiti.”

“Hapo nyuma.”

“Sketi.”

“Fundi!”

“Ah, hiyo? Ni rangi yako iliyobaki. Sikutaka iharibike.”

“Damu ukutani! Shuleni! Mbele ya watoto!”

“Mbona watoto haohao wanapita kwenye bucha lako kila asubuhi, na ya kwako imefika magotini?”

“Ile ni ya ng'ombe!”

“Kwa hiyo ya ng'ombe ni safi, ya mama zetu ndiyo chafu?”

Alitoa leso akajifuta. Si mtu mbaya, niseme ukweli. Ana mabinti wanne, na muda huo alikuwa anatazama viatu vyake. Alipoinua kichwa alikuwa amepata njia ya amani.

“Basi ipake bluu,” alisema. “Hata kwenye televisheni, matangazo ya hizo pedi, wanamimina maji ya bluu.”

“Mwenyekiti, siku nikitokwa na ya bluu nitakimbilia hospitali.”

Mjumbe mmoja alienda kucheka nyuma ya choo, tukamsikia wote. Mwishowe kamati ilikaa, ikaamua, ikaandika: picha ibaki, doa lipakwe chokaa. Mwalimu mkuu alinisomea uamuzi huo polepole, halafu akarudia neno la mwisho.

“Chokaa. Kamati imesema chokaa. Wewe na mimi ni nani tubadilishe neno la kamati?”

Hapa inabidi nieleze kidogo kazi yangu. Doa nililipaka kwa rangi ya mafuta, ile ya mageti na milango. Chokaa ni unga na maji. Ukiipaka juu ya rangi ya mafuta inakauka vizuri, inapendeza, hata picha ya simu unaweza kupiga. Halafu mvua ya kwanza itakayopiga ukuta inaiosha yote, kwa sababu haikushika popote. Fundi rangi yeyote analijua hilo. Muuza nyama halijui. Na ukuta ule unatazama kule mvua inakotokea.

Nilipaka. Mwenyekiti akaja, akaona peupe, akanipa mkono. Alhamisi mchana ikanyesha ile mvua inayopiga bati mpaka mwalimu anaacha kufundisha. Ilipokatika watoto wakatoka nje, na doa lilikuwa palepale, limeoshwa, jekundu kuliko siku ya kwanza.

Kamati hukutana mwisho wa mwezi. Siku moja kabla, mwalimu mkuu alinitumia ujumbe wa neno moja, chokaa, nikaenda kupaka. Kamati ikaja, ikaona peupe, ikaondoka. Wiki haikuisha, doa likarudi. Msichana mmoja wa darasa la sita alisimama mapumzikoni, akatazama, akasema kwa sauti:

“Jamani, ukuta umeingia kwenye siku zake.”

Kufikia jioni Nsemulwa yote ilikuwa imesikia. Watoto wakaanza kuhesabu. Mvulana mmoja alichora kalenda nyuma ya daftari lake la hisabati, akawa anatabiri tarehe, na alipokosea wasichana walimfundisha namna ya kuhesabu, kwa sauti, pale uwanjani, jambo ambalo mwezi mmoja nyuma lingewafanya watafute shimo la kuingia. Hata mwalimu wa sayansi, mtu asiyejua kutania, aliulizwa kwa nini ukuta haufuati tarehe. Akajibu kwa uso mkavu kwamba jengo bado ni changa, mzunguko wake haujatulia.

Rafiki wa mtoto wangu, yule aliyesogea pembeni, alikuja mlangoni siku moja. Hakuingia. Alisema amekuja kumwambia kuhusu ukuta, akamwambia, kisha akasema samahani haraka haraka na kukimbia. Mtoto akanijia mbio. Nilijifanya nasafisha brashi.

“Mama mdogo, ni kweli?”

“Kweli nini?”

“Ukuta.”

“Mimi ni mchoraji, si daktari.”

“Niambie basi!”

“Kaone mwenyewe.”

“Mlinzi haruhusu kuingia bila sare.”

“Vaa sare, ukaone, urudi. Kwani umefungwa?”

Asubuhi yake alivaa sare. Sikumtazama alipotoka, nilisafisha brashi ambayo ilikuwa safi tangu jana. Nilitegemea dakika ishirini. Alirudi saa tisa.

“Kengele imegonga nikiwa bado natazama,” alisema, amekasirika kidogo, kama mtu aliyetegwa akanasa. “Halafu mwalimu akanipa hesabu za wiki zote nilizokosa.”

“Pole,” nikasema, nikaenda uani nikalia kwa furaha, kisha nikarudi kumgombeza kuhusu vyombo asije akanigundua. Siku nyingine alinisimulia kwamba mvulana mmoja alimkuta pale ukutani akamuuliza, “Na wewe ilikuwa hivi?” Akamjibu, “Ilikuwa kubwa kuliko hii.”

Nilidhani nimemaliza kazi. Kilichonishangaza ni kina mama. Walipita kuchungulia wakitoka kanisani, wakitoka sokoni, wakanijia kibandani, na hakuna aliyelizungumzia doa. Walizungumzia mkono. Jirani yangu mwenye ng'ombe alisema kwao ni maziwa, ukiwa mwezini hukamui. Mwingine aliyekulia Katumba alisema kwa mama mkwe wake ni karanga, hukatizi shamba zisije zikaoza. Bibi mmoja alishusha sauti. “Binti yangu,” alisema, “huyo wa kwenye picha ameitia chumvi mwenyewe?” Nikamwambia ndiyo, na wote wanakula. Aliguna, akaondoka, akarudi kuuliza kama kuna aliyeumwa tumbo.

Mvua hazikai milele. Mwezi wa nne ulipoisha nilipaka chokaa kwa ajili ya kamati, na safari hiyo haikunyesha. Wiki ikapita, ya pili ikapita, anga jeupe, vumbi likaanza. Doa likabaki limefichwa, na likiachwa hivyo lingengoja mpaka mwezi wa kumi na moja. Watoto wakasema ukuta una mimba. Mimi sikucheka, kwa sababu ukavu uleule uliokausha ukuta ulikuwa unakausha barabara, na Ijumaa moja simu ikalia: dada yuko kwenye gari, amepita Kibaoni, anakaribia kufika.

Nilimpokea stendi. Hakunisalimia kwanza, aliniinamia sikioni akauliza kama nyumbani kuna pedi, maana siku zake zimemkuta njiani. Kisha ndipo akanisalimia, akanikabidhi kiroba cha mchele.

“Mtoto ajiandae,” alisema. “Jumatatu tunaondoka.”

“Amerudi shule, dada.”

“Karudi lini?”

“Mwezi wa tatu.”

“Na akikutwa na aibu tena? Ataacha tena. Bora aache akiwa na mimi.” Hakusema kwa ukali. Alisema kama mtu anayeijua njia yote. “Twende kwa mwalimu wake nikamuage.”

Tulipitia nyumbani kwanza, tukafika shuleni watoto wakiwa madarasani. Kufika ofisini lazima upite mbele ya ule ukuta. Dada alipita, akasimama, akarudi nyuma hatua mbili. Alitazama uso, akatazama mwanya, akapeleka ulimi kwenye mwanya wake mwenyewe bila kujijua. Halafu akautazama mkono na ile chumvi inayodondoka, kwa muda mrefu sana.

“Huyu ni mimi,” alisema.

“Ndiyo.”

“Mwanya umeuzidisha.”

“Nisamehe, dada.”

“Kwa mwanya?”

“Kwa chumvi.”

Dada alinyoosha kidole kwenye sketi, pale penye chokaa.

“Hapa pana nini?”

“Pana doa. Kamati ilisema lifunikwe.”

Dada yangu ni mtu mpole. Kwenye msiba anakaa nyuma, kwenye harusi anakaa jikoni. Alikwenda bombani, akalowesha ncha ya kanga yake, akarudi, akaanza kusugua. Alisugua taratibu, kwa uangalifu, kama anayemfuta mtoto uso, na chokaa ikatiririka mpaka chini ya ukuta. Doa lilipotokea lote aliikamua kanga, akasimama wima, akaniambia turudi nyumbani, ana njaa. Ofisini hatukuingia. Wiki iliyofuata mwenyekiti alimuuliza mwalimu mkuu mvua imenyesha lini.

Jioni dada alisema atapika yeye. Nikawasha moto, nikakaa kizingitini, nikisubiri kuitwa. Mimi nisingefaa, maana nimeshavunja ungo zamani mno, lakini nyumba haikuwa na mtoto mdogo, na mtoto wetu sasa ni mkubwa, kwa hiyo nilitega sikio nione atamwita jirani gani. Maharage yakachemka. Sufuria ikaepuliwa. Hakuita mtu.

Tukakaa mkekani watatu. Mtoto alichovya tonge, akaweka mdomoni, macho yakamtoka. Alitafuta maji, akanywa, akamtazama mama yake, akanitazama mimi.

“Nani kaweka chumvi leo?”

Dada alimeza tonge lake kwanza.

“Mimi,” alisema. “Na Jumatatu napanda gari mwenyewe. Wewe utakuwa darasani.”

Mboga ilikuwa haiingii kinywani. Ilikuwa imezidi kuliko hata ile ya kwangu ya siku ile, na kwa mdomo nilionao nilikuwa na la kusema. Nikafunga mdomo, nikasogeza bakuli, nikaomba niongezewe.